Mwongozo kamili: Kupima na kupunguza kaboni ya ujenzi kwenye majengo ya umma, ukianzia kwenye BOQ (orodha ya vipimo na gharama za kazi na vifaa vya mradi)

Mwishoni mwa mwaka 2021, kwa fedha za mpango wa mapambano dhidi ya UVIKO-19, Tanzania ilianza kujenga vyumba 15,000 vya madarasa kwa mkupuo mmoja: 12,000 vya sekondari na 3,000 vya shule shikizi, kwa shilingi milioni 20 kila kimoja. Katika miradi ya namna hii fedha hufuatiliwa hadi mfuko wa mwisho wa saruji. Kaboni haina hata safu yake kwenye karatasi. Mwongozo huu ni wa mhandisi wa halmashauri, mkadiriaji majenzi, mbunifu majengo na mjumbe wa kamati ya ujenzi ambao wanataka kuiongeza safu hiyo na kuitumia kufanya maamuzi.

Kaboni ya ujenzi ni hewa ukaa yote inayotoka kabla jengo halijaanza kutumika: kuchimba malighafi, kuchoma chokaa ya saruji, kuyeyusha chuma, kusafirisha, kuchanganya zege. Darasa la kijijini halina kiyoyozi wala lifti, lina taa chache na madirisha. Kwa hiyo karibu kaboni yake yote hutoka kabla mwanafunzi wa kwanza hajaketi, na baada ya makabidhiano hakuna tena pa kuipunguzia. Hesabu ifanyike mapema, kabla michoro haijasainiwa.

Hatua ya 1: Amua unapima nini

Kiwango cha Ulaya EN 15978 kimegawa maisha ya jengo kwa herufi, na wataalamu wengi duniani wanazitumia. A1 hadi A3 ni malighafi na kiwanda. A4 ni usafiri hadi eneo la ujenzi. A5 ni kazi ya ujenzi yenyewe pamoja na vifaa vinavyopotea. B ni miaka ya matumizi: ukarabati, kubadilisha bati, umeme na maji. C ni kubomoa na kutupa.

Kwa mradi wa halmashauri, anza na A1 hadi A5. Hapo ndipo una BOQ, una risiti na una mamlaka. Sehemu ya B usiipigie hesabu ndefu, lakini iweke akilini kila unapochagua kifaa kwa urahisi wa bei. Tutaiona kwenye bati.

Amua pia kipimo cha kulinganishia. Kilo za hewa ukaa kwa mita ya mraba hutumika sana, ila kwa shule napendelea kuongeza kilo kwa kila nafasi ya mwanafunzi. Jengo lenye korido kubwa na veranda pana linaweza kuonekana zuri kwa mita ya mraba huku likihudumia watoto wachache.

Hatua ya 2: Geuza BOQ kuwa uzito

BOQ inaandika mita za ujazo, mita za mraba na idadi. Kaboni inataka kilo. Fungua Excel, weka safu tano: kifaa, kiasi, uzito kwa kilo, kigezo cha kaboni, jumla. Kazi yote iko kwenye safu ya tatu.

Zege usiliandike kama zege. Livunje: saruji ngapi, mchanga kiasi gani, kokoto kiasi gani. Fanya hivyo kwa lipu, sakafu, mota ya kujengea na matofali pia. Sababu ni kwamba saruji imejificha kila mahali kwenye BOQ, na usipoikusanya sehemu moja hutaona ukubwa wake.

Bati hulipwa kwa idadi au mita, kwa hiyo tafuta unene wake. Bati la geji 28 lina unene wa takriban milimita 0.4, na ukihesabu mikunjo, mita moja ya mraba ina uzito wa karibu kilo 3.6. Kioo cha milimita 5 kina kilo 12.5 kwa mita ya mraba. Nondo zina jedwali lake: ya milimita 12 ni kilo 0.89 kwa mita, ya 16 ni kilo 1.58.

Hatua ya 3: Tafuta vigezo vya kaboni

Kigezo ni kilo za hewa ukaa kwa kila kilo ya kifaa, gesi nyingine zikiwa zimeshageuzwa kuwa uzito wa hewa ukaa. Cha kwanza kutafuta ni tamko la mazingira la kiwanda husika, lililohakikiwa na mtu wa nje. Mwulize msambazaji, hata kama unatarajia jibu la hapana. Swali likiulizwa na halmashauri nyingi, viwanda vitaanza kuandaa majibu. Usipolipata, tumia ICE, kanzidata ya vigezo vya kaboni vya vifaa vya ujenzi iliyoanzia Chuo Kikuu cha Bath, Uingereza, ambayo hupatikana bure. Programu ya EDGE ya IFC, shirika la kundi la Benki ya Dunia, nayo ni ya bure na ina sehemu ya vifaa vya ujenzi.

Vigezo vya kuanzia, kwa kukadiria:

- saruji halisi ya Portland: 0.9; yenye nyongeza kidogo: 0.8, yenye theluthi ya majivu ya volkano: 0.6
- nondo: 2.0, za kuyeyusha chuma chakavu zinaweza kushuka chini ya 1.0
- bati lenye zinki: 2.8
- alumini: 13
- kioo: 1.4
- mbao laini: 0.3
- mchanga, kokoto na mawe: 0.005

Chunguza ncha mbili za orodha hiyo. Kilo moja ya alumini ni sawa na kilo 2,600 za kokoto. Ndiyo maana kupanga vifaa kwa wingi au kwa bei hakusaidii.

Saruji inastahili maelezo zaidi. Jiwe la chokaa likichomwa, lenyewe linaachia hewa ukaa: karibu nusu tani kwa kila tani ya klinka, yaani punje zinazotoka tanurini na kusagwa kuwa saruji, hata tanuri likiwashwa kwa nishati safi kiasi gani. Juu ya hiyo unaongeza moshi wa makaa au gesi. Kwa hiyo njia ya haraka ya kupunguza kaboni ya saruji ni kupunguza klinka ndani ya mfuko, na njia nyingine ni kupunguza mifuko.

Mbao zina utata wake. Mti ulihifadhi kaboni ulipokuwa unakua, na wapo wanaotoa kiasi hicho kwenye jumla ili jengo lionekane safi. Kiandike kando, kwenye mstari wake, na usikitoe. Kama mbao zimetoka msitu usiopandwa tena, hakuna cha kuandika hata huo mstari.

Hatua ya 4: Piga hesabu, mfano ukiwa mkononi

Chukua jengo la madarasa mawili na ofisi katikati, mita za mraba 180 pamoja na veranda, wanafunzi 90. Tuseme BOQ imetupa vifaa hivi:

Saruji mifuko 600, yaani kilo 30,000, mara 0.8: kilo 24,000 za hewa ukaa.
Nondo tani 3, mara 2.0: kilo 6,000.
Bati mita za mraba 250, kilo 900, mara 2.8: kilo 2,520.
Fremu za madirisha za alumini kilo 180, mara 13: kilo 2,340.
Mchanga, kokoto na mawe tani 350, mara 0.005: kilo 1,750.
Mbao za kenchi na papi tani 4, mara 0.3: kilo 1,200.
Vioo kilo 375, mara 1.4: kilo 525.

Jumla ya A1 hadi A3 ni kilo 38,335. Saruji peke yake imechukua zaidi ya asilimia 60.

Usafiri hupimwa kwa tani-kilomita, yaani tani mara umbali. Lori kubwa la masafa marefu lihesabu kilo 0.1 kwa kila tani-kilomita. Tipa la mchanga linalorudi tupu lipe 0.15. Saruji tani 30 kwa kilomita 400 ni kilo 1,200. Mchanga na kokoto tani 350 kwa kilomita 30 ni kilo 1,575. Chuma na bati tani 3.9 kwa kilomita 600 ni kilo 234. Jumla ni kilo 3,009. Ukiwa na rekodi ya dizeli, achana na makadirio haya: kila lita moja ni karibu kilo 2.7.

Kwa A5, weka asilimia 5 ya vifaa kama upotevu, kilo 1,917, na lita 200 za mafuta ya mashine ya kuchanganya zege na jenereta, kilo 540. Hakikisha kwanza kama mkadiriaji hakuwa ameshaweka upotevu ndani ya idadi za BOQ, la sivyo utauhesabu mara mbili.

Jumla kuu ni takriban tani 43.8. Hiyo ni kilo 243 kwa mita ya mraba, au kilo 487 kwa kila nafasi ya mwanafunzi. Kama vile vyumba 15,000 vingefanana na mfano huu, tungezungumzia zaidi ya tani 320,000.

Hatua ya 5: Kabla ya kupunguza, uliza kama jengo jipya linahitajika

Karibu kila halmashauri ina maboma: kuta zilizoinuliwa kwa nguvu za wananchi, zikaishia kwenye lenta (mkanda wa zege juu ya milango na madirisha), miaka inapita. Msingi, jamvi (zege la chini la sakafu) na kuta ndizo zilizobeba sehemu kubwa ya saruji, na kaboni yake imeshatoka. Kukamilisha boma zima ni punguzo ambalo hakuna aina ya tofali inayoweza kulifikia. Mhandisi alikague kwanza: nyufa za mshazari kwenye kona, msingi uliofukuliwa na maji, tofali zinazomomonyoka kwa kidole, lenta yenye nondo zilizoota kutu. Likifaulu, lipewe kipaumbele mbele ya eneo jipya. Wananchi waliochanga mchanga na mawe wanastahili hilo pia.

Kama lazima kujenga upya, tazama kiwanja. Ramani za kawaida huchorwa kana kwamba ardhi ni tambarare. Jengo likiwekwa urefu wake ukishuka na mteremko, upande mmoja utahitaji msingi wa mawe wa mita moja na nusu na malori ya kifusi. Ukiligeuza urefu wake ukingame mteremko, msingi unapungua. Ni uamuzi wa asubuhi moja, wenye kamba na vigingi, na hauna gharama. Udongo nao upimwe. Msingi mpana wa kukisia ni saruji inayozikwa bila sababu.

Hatua ya 6: Fuata saruji inakokwenda

Gawa mifuko yako 600. Katika mfano wetu: msingi na jamvi 260, kuta 140, lenta na nguzo 90, lipu 60, sakafu ya juu 50.

Anza na aina ya saruji. Mifuko ya 32.5 na 42.5 (namba za nguvu ya saruji) inauzwa duka moja, na mafundi wengi hutumia 42.5 kwa kila kitu kwa kuiona ni bora. Kwa lipu, kujengea na sakafu, 32.5 inatosha. Lakini namba ya nguvu haikuambii klinka ni kiasi gani. Soma maandishi madogo kwenye mfuko: CEM I ni karibu klinka tupu, CEM II ina nyongeza, CEM IV ina majivu ya volkano mengi zaidi. Nyanda za Juu Kusini, hasa Mbeya, zina majivu ya asili ya volkano yanayofaa kusagwa ndani ya saruji. Ukiacha mifuko 90 ya lenta na nguzo kama ilivyo, na kubadilisha mingine kutoka kigezo cha 0.8 kwenda 0.6, umeokoa zaidi ya tani 5. Hakuna mchoro uliobadilika. Kilichobadilika ni mstari mmoja kwenye oda.

Kuna sharti. Saruji hii hupata nguvu polepole. Mbao za kuzuia zege zisitolewe kwa haraka iliyozoeleka, na zege limwagiliwe maji siku 14 badala ya 7. Asiyeweza kusimamia umwagiliaji asibadilishe saruji, kwa sababu zege lililokauka kabla ya wakati litapasuka, na ukarabati una kaboni yake.

Kisha uwiano. Mfuko wa kilo 50 una ujazo wa lita 35. Tengeneza boksi la mbao la lita 35 ndani: sentimita 35 kwa 40 kwa 25. Kwa zege la 1:2:4, mfuko mmoja, maboksi mawili ya mchanga, manne ya kokoto. Koleo na toroli havipimi. Toroli moja hujazwa kichuguu asubuhi na nusu jioni, na fundi kwa hofu huongeza saruji. Maji ndiyo chanzo kingine. Zege likiwa majimaji, linapoteza nguvu, na dawa ya haraka ya fundi ni mfuko mwingine. Mchanga wenye vumbi la udongo nao unameza saruji. Tia mchanga kwenye chupa ya maji yenye chumvi kidogo, tikisa, acha utulie saa kadhaa. Tabaka la matope juu likiwa nene, tafuta mchanga mwingine au uoshe. Kudhibiti hivi kukikupunguzia asilimia 10 tu ya saruji ya msingi na jamvi ni mifuko 26. Na upime vipande vya zege maabara, siku ya 7 na ya 28. Bila majibu ya maabara, usipunguze chochote kwenye lenta na nguzo.

Sasa matofali ya kufungamana, ambayo Wakala wa Utafiti wa Nyumba na Vifaa vya Ujenzi, NHBRA, umeyatangaza kwa miaka mingi. Ninayapenda, lakini yana mtego. Ukuta wa milimita 150 una karibu kilo 285 za udongo kwa mita ya mraba. Kwa kuta za mita za mraba 300 zenye saruji asilimia 6, ni mifuko 103. Ongeza 15 ya kujaza matundu na 30 ya lipu ya ndani: 148. Ukuta wa kawaida na lipu yake ulikuwa 200. Umeokoa mifuko 52, yaani kilo 2,080. Fundi akipandisha saruji hadi asilimia 10, matofali peke yake yanakula mifuko 171 na jumla inafika 216: umejenga kwa udongo na kaboni imeongezeka. Kwa hiyo pima udongo kwanza. Wenye mfinyanzi kidogo na mchanga wa kutosha unashika kwa saruji ndogo. Mfinyanzi mwingi unapasuka. Matofali yakae kivulini, yafunikwe nailoni na kunyunyiziwa maji.

Matofali ya kuchoma hayana saruji ndani, na ndiyo yanayowadanganya wengi. Kilo moja ya kuni kavu ikiungua hutoa takriban kilo 1.7 za hewa ukaa. Kama miti hairudi, ihesabu yote. Pwani na sehemu za Kenya zenye mawe ya kuchonga mna bahati: jiwe la msumeno halijachomwa, na likitoka machimbo ya jirani ni vigumu kulishinda.

Hatua ya 7: Vitu vidogo vyenye kaboni kubwa

Rudi kwenye madirisha. Fremu za alumini, kilo 180 tu, zimebeba kilo 2,340. Ni zaidi ya akiba yote ya kuta za kufungamana. Fremu za chuma za fundi wa kuchomelea wa wilayani, kilo 300 mara 2.0, ni kilo 600. Umepunguza kilo 1,740 kwa mstari mmoja wa BOQ, na hela imebaki wilayani. Kutu ndiyo adui, kwa hiyo rangi ya msingi ipigwe kabla ya kufungwa ukutani.

Kenchi ziwe za mbao zilizotiwa dawa ya mchwa, kwa mfano misonobari ya mashamba ya Sao Hill, Mufindi. Kwenye bati nawasihi msipunguze unene. Geji 30, nyembamba kuliko 28, itaonekana na kaboni ndogo leo, lakini ikitoboka mapema utanunua paa la pili ndani ya maisha ya jengo moja. Nondo zifuate mchoro wa mhandisi bila nyongeza ya hofu, na uombe cheti cha kiwanda kinachoonyesha kama ni chuma chakavu kilichoyeyushwa.

Ukijumlisha mabadiliko ya mfano wetu, yaani kuta, aina ya saruji, udhibiti wa mchanganyiko na madirisha, bila kuhesabu mara mbili mifuko iliyokwisha kuokolewa, ni karibu kilo 9,200. Tani 43.8 zinashuka hadi chini ya 35, zaidi ya moja ya tano.

Hatua ya 8: Iweke kwenye manunuzi

Nia njema isiyo kwenye nyaraka hufa siku ya oda ya kwanza. Kwa mkandarasi, andika kwenye masharti ya zabuni utakayopakia NeST, mfumo wa manunuzi ya umma wa kielektroniki: aina ya saruji kwa kila kazi, kikomo cha saruji kwa mita ya ujazo ya zege, cheti cha nondo, na jedwali la kaboni lijazwe kwa vigezo ulivyotoa wewe. Vigezo viwe vilevile kwa wazabuni wote, la sivyo kila mmoja ataleta namba inayompendeza.

Kwa force akaunti, yaani ujenzi unaosimamiwa na taasisi yenyewe kwa mafundi wa kawaida bila mkandarasi, wanaonunua ni kamati ya manunuzi na wanaopokea ni kamati ya mapokezi, mara nyingi walimu na wananchi. Waandikie ukurasa mmoja: saruji ipi kwa kazi ipi, boksi la kupimia, siku za kumwagilia, nani wa kupigiwa simu. Mkuu wa shule anayeelewa kwa nini anaagiza aina mbili za saruji ataitetea oda yake mbele ya muuzaji anayesukuma aina moja.

Denmaki iliweka kikomo cha kisheria mwaka 2023, kilo 12 kwa mita ya mraba kwa mwaka kwa majengo mapya yanayozidi mita 1,000, ikihesabu pia nishati ya matumizi, na mwaka 2025 ikakikaza. Usihamishie kikomo hicho hapa. Weka chako kutoka kwenye majengo yako mwenyewe: pima matatu yaliyokamilika, chukua lililofanya vizuri, lifanye ndiyo dari ya mradi unaofuata.

Hatua ya 9: Pima tena jengo likiisha

Hesabu ya BOQ ni makadirio. Hesabu ya kweli iko kwenye leja ya stoo. Mtunza stoo aandike kila mfuko unaotoka na kazi iliyoupokea: msingi, kuta, lenta, lipu. Neno "ujenzi" peke yake kwenye safu hiyo likataliwe. Kila lori liingie na umbali lilikotoka na uzito wa mzigo.

Siku ya makabidhiano, weka leja kando ya BOQ. Kama msingi ulipangiwa mifuko 260 na leja inasema 330, kuna mambo matatu ya kuchunguza kwa utaratibu huu: kama kina cha msingi kilibadilika, kama boksi la kupimia lilitumika, kisha kama mifuko ilifika kweli kwenye msingi. Jaza safu ya sita kwenye Excel yako, kiasi halisi, ibandike kwenye taarifa ya mwisho ya mradi na umpe nakala mkadiriaji anayeandaa BOQ ya shule inayofuata kabla hajaanza kuiandika.